Kutoka kwenye biti hadi kwenye filamu: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya huniijia kutoka kwa watu wanaotengeneza muziki kwa sinthesaiza, mashine za ngoma na kompyuta, ambao sasa wanataka kutunga muziki wa filamu, tamthilia au vipindi vya runinga. Njia hiyo nimeipita mwenyewe. Pale iliponigharimu nimejibu kwa urefu. Pale ambapo jambo ni jepesi sikuona sababu ya kulikuza.

Je, sinema ina nafasi kwa mtu asiyetoka kwenye okestra?

Ipo, na ni ya zamani kuliko wengi wanavyodhani. Mwaka 1956 Louis Barron na mkewe Bebe walitengeneza muziki wote wa filamu ya Forbidden Planet kwa saketi walizoziunda wenyewe na kanda za kurekodia. Hiyo ndiyo filamu ndefu ya kwanza iliyobebwa na muziki wa kielektroniki mtupu. Ili kukwepa mgogoro na chama cha wanamuziki cha Marekani, kazi yao haikuandikwa hata kuwa ni muziki. Iliitwa "toni za kielektroniki". Mwaka 1963 Delia Derbyshire, akiwa kwenye karakana ya sauti ya BBC iliyoitwa Radiophonic Workshop, alichukua nota chache alizopewa na mtunzi Ron Grainer, akazijenga upya kwa kukata vipande vya kanda na kuviunganisha kimoja kimoja kwa mkono. Ndivyo ulivyozaliwa muziki wa kufungulia tamthilia ya BBC iitwayo Doctor Who, bila kompyuta.

Baadaye mlango ulizidi kufunguka. Giorgio Moroder alikuwa mtu wa disko. Mwaka 1977 alitoa I Feel Love pamoja na Donna Summer na Pete Bellotte, na mwaka uliofuata mapigo yale yale ya sinthesaiza yakaingia kwenye Midnight Express na kumpatia tuzo ya Oscar. Vangelis aliipata kwa Chariots of Fire ya mwaka 1981. Trent Reznor na Atticus Ross waliipata kwa The Social Network ya mwaka 2010, nao walitoka kwenye kelele za gitaa na mashine.

Ukiwatazama vizuri utaona hakuna aliyeitwa kwa sababu alijifunza kuiga okestra. Waliitwa kwa sauti waliyokuwa nayo tayari. Nalisema hili mapema kwa sababu watu wengi wanaoniandikia huanza kwa kununua maktaba za vinanda na tarumbeta, wakiacha kando kile ambacho mwongozaji angewatafutia.

Sijui kusoma nota. Nitaweza?

Utaweza. Vangelis hakuwa msomaji wa nota, na muziki wake wa Blade Runner bado unafundisha watu hadi leo. Kinachotakiwa ni uweze kusema unachokisikia na kukirudia kikihitajika.

Ukifika mahali pa kuhitaji wapigaji wa vyombo, yupo mtu ambaye kazi yake ni kukipeleka ulichotunga kwenye karatasi: mpangaji wa okestra. Daft Punk walipofanya Tron: Legacy ya mwaka 2010 walishirikiana na Joseph Trapanese, na okestra kubwa ilirekodiwa London juu ya sinthesaiza zao. Hakuna aibu katika hilo, mradi jina la mpangaji liandikwe na alipwe haki yake. Mimi ningekushauri hata hivyo ujifunze kusoma kidogo, angalau kujua violini inaishia wapi chini na filimbi inaanza kupwaya wapi. Mpiga chombo huona mara moja kama aliyemwandikia anamheshimu.

Tofauti kubwa ni ipi kati ya kutengeneza wimbo na kutunga muziki wa filamu?

Ni kwamba wakati si wako tena.

Unapotengeneza wimbo wa kuchezeka, wewe ndiye unayeamua mambo yaive lini. Unajenga baa kumi na sita, unaondoa besi, unawaweka watu wakisubiri, kisha unairudisha kwa kishindo. Msikilizaji amekukabidhi mwili wake na saa yake. Kwenye filamu saa hiyo iko mikononi mwa mwigizaji anayevuta pumzi kabla ya kujibu, na mikononi mwa mhariri aliyeamua picha ikatwe hapa na si pale. Wewe unakuja mwisho, unakuta nyumba imejengwa, unaombwa uwashe taa bila kusogeza kuta.

Filamu fupi yangu ya kwanza ilikuwa na sini, yaani onyesho moja la filamu, ya mwanamke anayekunja nguo za marehemu mumewe. Dakika mbili, hakuna anayesema neno. Niliijaza. Kulikuwa na besi ya chini kabisa, lupu (kipande kinachojirudia) ya baa nne niliyoipenda sana, tabaka tatu za sauti ndefu za sinthesaiza zikipanda polepole kama nilivyozoea. Mwongozaji alisikiliza mara moja, akaniomba nizime ngoma. Tukasikiliza. Akaniomba nizime besi. Tukasikiliza tena. Tuliendelea hivyo mpaka ikabaki sauti moja tu, nota moja iliyokuwa ikitetemeka kidogo kwa sababu ya kichujio (kifaa kinachopunguza sehemu ya masafa ya sauti) nilichokuwa nimekisahau kikizunguka. Akasema, "Hapo. Sasa namwona huyu mama."

Nilikaa na jambo hilo siku nyingi. Zile tabaka nyingine hazikuwa mbaya. Zilikuwa zikimweleza mtazamaji huzuni ambayo mikono ya yule mwigizaji ilikuwa imeshaieleza. Muziki unaorudia kilichopo kwenye picha huwa mzito kuliko picha yenyewe, na mtazamaji huhisi anasukumwa. Tangu siku hiyo, kabla ya kugusa kibodi, najiuliza: sini hii inaficha nini? Kama wahusika wanacheka huku mmoja ameshaamua kuondoka, muziki wangu una kazi. Kama wanalia na machozi yanaonekana, labda sina kazi kabisa.

Jambo la pili ni lupu. Mtu wa muziki wa kielektroniki hufikiri kwa kurudia, na kurudia kuna nguvu ya ajabu kwenye filamu: kunajenga hofu, kunabeba safari, kunafanya dakika tano zipite kama moja. Lakini lupu inayorudi ilivyo, mara ya nne na ya tano, humkumbusha mtazamaji kwamba kuna mashine. Badilisha kitu kidogo kila mzunguko: fungua kichujio kwa nywele moja, chelewesha pigo moja, ondoa nota ya tatu. Mabadiliko ambayo sikio haliyatambui, moyo huyatambua.

Nawezaje kuoanisha tempo na picha?

Hapa hesabu kidogo haziepukiki, nazo ni rahisi.

Filamu ya sinema kwa kawaida huenda fremu 24 kwa sekunde. Runinga katika nchi nyingi huenda 25, na kwingine utakutana na 23.976 au 29.97. Uliza kabla ya kuanza, kisha weka kipimo hicho hicho kwenye programu yako ya kurekodia. Ukikosea, muziki wako utateleza polepole mbali na picha, na mwisho wa sini ndefu kila pigo litakuwa limetoka mahali pake.

Kwa tempo ya 120, yaani mapigo 120 kwa dakika, kila pigo ni nusu sekunde, yaani fremu 12 kwenye filamu ya fremu 24. Sasa tuseme mlango unafungwa kwa nguvu sekunde 14.7 baada ya muziki kuanza, na unataka baa mpya ianze hapo hapo. Kwa 120, mlango utaangukia katikati ya mapigo, kama fremu 5 baada ya pigo kupita. Usikate baa ovyo. Chukua mapigo 28, ambayo ni baa 7 za mapigo manne, zidisha kwa 60, gawanya kwa 14.7. Utapata tempo ya takribani 114.3, na mlango utafungwa juu ya pigo la kwanza la baa ya nane. Kama 114 ni ya kivivu mno, mapigo 32 yatakupa takribani 130.6. Njia nyingine ni kuacha tempo ilivyo na kuingiza baa moja fupi, mahali ambapo kuna kelele au mkato wa picha wa kuificha.

Lakini usigonge kila kitu. Kijana aliyegundua hesabu hii hutaka kila hatua, kila mlango na kila kope liangukie juu ya pigo, na filamu inageuka katuni. Chagua jambo moja katika sini, mawili yakizidi. Mara nyingi mimi huuweka muziki ubadilike nusu sekunde baada ya tendo, mhusika anapokuwa ameshalielewa lililotokea. Hapo ndipo na mtazamaji analielewa.

Kwa nini kila mara naambiwa muziki unafunika mazungumzo, hata nikiushusha?

Kwa sababu kushusha sauti si dawa. Maneno ya binadamu hueleweka hasa kwa masafa ya kati ya herzi 1,000 na 4,000 hivi, mahali pale pale ambapo sinthesaiza zenye mng'ao mwingi hupenda kukaa. Muziki uliojaa eneo hilo utagombana na maneno hata ukiwa chini, na fundi wa sauti atauteremsha mpaka usisikike. Nimeona kazi nzuri ya wiki mbili ikizikwa namna hiyo.

Tibu tangu kwenye utunzi. Mtu anaposema, funga kichujio, kaa chini ya sauti yake au juu sana yake, punguza mwendo wa nota. Sikiliza mwigizaji anaongea kwa sauti nzito au nyembamba. Acha mianya: wazo la muziki lipite kati ya sentensi mbili, kama mtu mwenye adabu asiyekatiza mazungumzo ya wakubwa. Pia kumbuka kwamba kwenye mfumo wa spika 5.1 mazungumzo hukaa spika ya katikati, kwa hiyo muziki uliotanuliwa kushoto na kulia una nafasi zaidi ya kupumua kuliko uliorundikwa katikati.

Tunga huku mazungumzo yakisikika, siku zote. Anayetunga huku amezima sauti ya picha anajidanganya.

Mwongozaji amenipa filamu ikiwa tayari ina muziki wa watu wengine. Nifanye nini?

Huo ni muziki wa muda. Mhariri huuweka ili aweze kukata picha kwa mwendo fulani, na kila mtu hukaa nao kwa miezi mpaka masikio yanauzoea. Ni hatari. Mwongozaji Stanley Kubrick aliuzoea ule wa 2001: A Space Odyssey kiasi kwamba muziki uliotungwa na Alex North kwa ajili ya filamu hiyo uliachwa kabisa, na filamu ikatoka mwaka 1968 ikiwa na kazi zilizokuwepo tayari alizokuwa amezipenda.

Usiombe ufutwe, na usiuige. Kaa na mwongozaji, muulize kila kipande kinamfanyia kazi gani. Atakuambia "nahitaji hii nguvu", nawe uchimbe zaidi: ni mwendo? Ni ule ukimya kabla ya ngoma kuingia? Ni kwamba hakuna sauti za juu? Mara nyingi anachokipenda ni kitu kimoja tu, na unaweza kumpa kitu hicho kwa sauti yako mwenyewe. Kisha utazame sini mara moja bila muziki wowote kabla ya kuanza. Kuiga wimbo wa mtu kwa ukaribu, tukiacha uzembe wake, kunaweza kukufikisha mahakamani.

Je, nianze kutunga kabla ya picha kupigwa?

Ukipewa nafasi hiyo, ikamate kwa mikono miwili. Tangerine Dream walitunga muziki wa Sorcerer ya mwaka 1977 bila kuiona filamu, wakitegemea maandishi yake. Hildur Guðnadóttir, mpiga selo aliyezoea pia muziki wa kielektroniki, alianza kutunga Joker kutoka kwenye maandishi, na muziki wake ulipigwa wakati wa kurekodi picha, Joaquin Phoenix akaucheza mwili wake juu yake. Kazi hiyo ilimpa Oscar mwaka 2020. Kwa tamthilia ya Chernobyl ya mwaka 2019 alikwenda Lithuania, ndani ya kinu cha nyuklia kilichofungwa, akarekodi milango, pampu na mwangwi wa vyumba vile, kisha akautengeneza muziki kutokana na sauti hizo.

Hapa ndipo mtu wa kielektroniki ana faida kubwa, na nashangaa wachache wanaitumia. Sisi tumezoea kuchukua sauti yoyote na kuigeuza ala. Nenda mahali filamu inapopigwa ukiwa na kinasa sauti. Gonga vyombo vya jikoni vya mhusika, rekodi feni yake, rekodi lango lake. Nota zitakazotoka humo zitakuwa za filamu hiyo peke yake.

Nahitaji vifaa gani?

Vichache kuliko ulivyo navyo. Kompyuta inayoweza kucheza video bila kukwama, programu ya kurekodia inayopokea picha na kuonyesha saa ya fremu (namba inayoonyesha saa, dakika, sekunde na fremu ya picha), spika za kuaminika, na sauti moja au mbili unazozijua hadi ndani. Fanya kazi kwa kiwango cha kurekodi cha 48 kHz na biti 24 (hapa biti ni kipimo cha kompyuta, si mapigo), si 44.1 kHz ya CD.

Spika ndogo ni muhimu kuliko besi kubwa. Sehemu kubwa ya watazamaji wa runinga watakusikia kupitia spika nyembamba ya seti au ya simu, ambako besi uliyoitengeneza kwa siku tatu haitakuwepo. Kama hofu yote ya sini imekaa kwenye herzi 40, kwao hakuna hofu.

Kazi ya runinga ni tofauti na ya filamu?

Kwa kasi, ndiyo. Filamu inaweza kukupa miezi. Tamthilia ya kila wiki itakupa siku. Jan Hammer alitunga muziki wa Miami Vice kuanzia mwaka 1984, kipindi baada ya kipindi, akiwa na kibodi na mashine zake, na muziki wa kufungulia ukapanda hadi namba moja kwenye chati ya Billboard mwaka 1985. Kasi kama hiyo inamfaa mtu mmoja mwenye studio yake kuliko jeshi la okestra, ndiyo maana runinga ilitupokea mapema.

Andaa ghala kabla ya msimu kuanza: mawazo manne au matano makuu ya muziki, kila moja likiwa na sura ya haraka, ya polepole, na ile iliyovuliwa kila kitu ikabaki nota mbili. Mhusika akifa kipindi cha sita, zile nota mbili zitafanya kazi ambayo muziki mpya hauwezi kuifanya, kwa kuwa mtazamaji ameishi nazo.

Nikabidhi kazi kwa namna gani?

Usikabidhi faili moja lililochanganywa na kubanwa mpaka halina pumzi, kama unavyofanya kwa wimbo wa kuchezwa redioni. Mchanganyaji wa mwisho anahitaji stemu, yaani makundi ya sauti yaliyotenganishwa: ngoma peke yake, besi peke yake, sauti ndefu peke yake, melodi peke yake, athari na kelele peke yake. Zote zianze kwenye sekunde ile ile, ziwe na urefu ule ule, na zikiwekwa pamoja zitoe sauti ile ile mwongozaji aliyoikubali. Jina la kila faili lionyeshe namba ya kipande. Mtindo uliozoeleka ni kama 2m3, yaani sehemu ya pili ya filamu, kipande cha tatu cha muziki. Ongeza namba ya toleo na saa ya fremu kinapoanzia.

Na usikilize picha ya mwisho, si ya juzi. Mhariri akiondoa sekunde 3 baada ya wewe kumaliza, kila ulichokipanga kimesogea. Ndiyo maana tunauliza kwa upole lakini bila kuchoka: picha imefungwa, yaani haitakatwa tena?

Naweza kutumia sampuli kama ninavyotumia kwenye biti zangu?

Sampuli ya rekodi ya mtu bila ruhusa, hapana, hata ikiwa sekunde moja, hata ukiigeuza na kuipunguza kasi. Kwenye mkataba utatia sahihi kwamba kazi yote ni yako, na kesi ikija itakuja kwako. Wimbo uliopo ukihitajika kwenye filamu, ruhusa ni mbili: ya mwenye utunzi na ya mwenye rekodi. Sauti kutoka maktaba ulizonunua zina leseni; isome. Hata pale inaporuhusu, kumbuka lupu hiyo hiyo inauzwa kwa kila mtu, na ni uchungu kuusikia muziki wa sini yako kwenye tangazo la sabuni.

Nitapataje kazi ya kwanza?

Swali hili ndilo linalokuja zaidi, na wengi wanaliuliza wakiwa wameshatuma biti zao kwa watayarishaji wakubwa na hawakujibiwa. Hawatajibiwa. Mtayarishaji mkubwa hafungui faili kutoka kwa mtu asiyemjua, na biti nzuri haimwambii kama unaweza kuhudumia sini.

Watafute wanaoanza kama wewe. Wanafunzi wa filamu wanahitaji muziki kila muhula na hawana wa kuwaandikia. Watengenezaji wa makala za hali halisi wana saa nyingi za picha na bajeti ndogo. Kwangu mimi hiyo ndiyo shule bora, kwa kuwa kwenye makala muziki hauruhusiwi kusema uongo. Nenda kwenye maonyesho ya filamu fupi, kaa mpaka taa ziwashwe, mfuate mwongozaji ambaye kazi yake imekugusa, na umwambie ni sini gani iliyokugusa na kwa nini. Usimwambie kwanza kuhusu sinthesaiza zako. Waongozaji hukua, na wakikua huondoka na watu waliowazoea. Kila kazi kubwa niliyoipata ilitoka kwa mtu niliyemfanyia kazi ndogo kwa moyo wote.

Endelea pia kutoa muziki wako mwenyewe. Waundaji wa Stranger Things walitumia wimbo wa kundi la S U R V I V E kwenye video ya majaribio waliyoitengeneza kuuza wazo lao, kisha wakawaita Kyle Dixon na Michael Stein wa kundi hilo watunge muziki wa tamthilia yenyewe, iliyotoka mwaka 2016. Mwaka 2017 muziki wa kufungulia ulishinda tuzo ya Emmy. Wale hawakuwa wakitafuta kazi ya runinga. Walikuwa wakifanya muziki walioupenda, na kuna mtu alisikia filamu ndani yake.

Malipo yakoje?

Kuna pesa ya mbele na pesa ya baadaye. Ya mbele ni ada ya kutunga. Wakati mwingine hutolewa kama fungu moja ambamo ndani yake utalipa wapigaji, studio, mpangaji na kila kitu, na kinachobaki ndicho chako. Kabla hujakubali fungu, andika gharama zote kwenye karatasi. Nilishawahi kukubali fungu lililoonekana kubwa, nikaajiri wapigaji wanne, nikamaliza kazi nikiwa na deni.

Ya baadaye ni mirabaha. Muziki wako unapotangazwa runingani, chama cha hakimiliki hukusanya na kugawa. Kwa desturi ya nchi nyingi mapato hayo hugawanywa sehemu mbili, ya mtunzi na ya mchapishaji. Unaweza kuombwa uachie ya mchapishaji. Ya mtunzi usiiachie kirahisi, maana ndiyo itakayokulisha miaka ambayo simu haipigwi. Nchini Marekani majumba ya sinema hayalipi mirabaha ya aina hii kwa muziki ulio ndani ya filamu, kwa hiyo huko zingatia zaidi runinga na utiririshaji.

Chama kinajuaje kipande kipi ni cha nani? Kwa orodha ya muziki uliotumika: jina la kipande, mtunzi, sekunde kilizodumu, kilivyotumika. Kampuni ya filamu ndiyo inayoiandaa, lakini iandae mwenyewe pia na uwapelekee. Nimepoteza mirabaha ya kipindi kizima kwa sababu orodha iliandikwa jina la kisanii badala ya jina langu la usajili. Jisajili kwenye chama kabla kipindi hakijaruka, na tumia jina moja kila mahali.

Kama fedha hakuna kabisa, basi pasiwe na kukabidhi haki zote. Wape ruhusa ya kuutumia muziki kwenye filamu hiyo, wewe ubaki na umiliki. Kiandikwe, hata kwa ukurasa mmoja, hata kama mwongozaji ni rafiki wa utotoni.

Nitapoteza sauti yangu nikianza kutungia wengine?

Hofu hiyo niliishi nayo. Kilichotokea kwangu ni kinyume chake: nililazimika kujua ipi ni sauti yangu na ipi ni mazoea. Mica Levi alipotunga Under the Skin ya mwaka 2013, na Daniel Lopatin, anayejulikana kama Oneohtrix Point Never, alipotunga Good Time ya mwaka 2017, ungewatambua kwa sekunde chache, na bado muziki ule usingetoka kama filamu zile zisingewauliza maswali mageni.

Kitakachokuumiza zaidi ni kukataliwa. Kipande kitarudishwa mara tano. Kingine kitatupwa usiku wa mwisho kwa kuwa sini yenyewe imetupwa. Hifadhi kila kitu kwenye folda, lala, rudi asubuhi. Mwongozaji anayesema "hapana" kwa sababu anaiona filamu yake vizuri ni wa kushukuriwa. Anayesema "hapana" kwa sababu hajui anachotaka, mwombe mkae mtazame pamoja, mkono wake uwe juu ya kitufe cha kuusimamisha, akuonyeshe ni sekunde ipi moyo wake ulitoka.

Nikianza leo, nifanye nini wiki hii?

Omba sini ya dakika tatu kutoka kwa mtu anayetengeneza filamu na akuruhusu uifanyie mazoezi. Itazame mara tatu bila kugusa chochote. Mara ya tatu andika saa ya kila mahali pumzi yako ilipobadilika. Tunga toleo la kwanza, dakika tatu kamili, uweke kila unachotamani. Siku inayofuata tunga la pili kwa sauti moja tu ya sinthesaiza. Siku ya tatu chukua la pili, ulicheleweshe liingie baada ya dakika moja na nusu, kisha umwite mtu asiyejua lolote kuhusu muziki. Muonyeshe yote matatu, na usimtazame usoni mwishoni tu; mtazame wakati muziki unapoingia.